Safari ya Tabora Kuomba Kesi ya Hundi Ifutwe

Mwaka 2014 niliondoka Murungu, Kibondo, kwenda kuiomba Mahakama Kuu Tabora ifute kesi yangu ya hundi kabla haijaanza kusikilizwa. Mwalimu akitiwa hatiani kwa udanganyifu hana kazi tena, na mimi sina shamba wala ng'ombe, nina chaki tu. Kwetu ni Lushoto. Serikali ilinipangia huku, wenyeji wakanipa heshima ya kuwa mweka hazina wa kikundi chao cha nyuki. Heshima hiyo naijutia mpaka leo.

Kosa langu nalisema mwenyewe. Nilipokuwa nakwenda likizo, mwenyekiti aliniomba nisaini hundi tano tupu ili kazi zisilale. Vikundi vya huku hufanya hivyo: mtia sahihi akisafiri, huacha sahihi yake nyuma. Nikasaini. Akajaza moja kumlipa muuza mizinga, benki ikairudisha kwa kuwa akaunti haikuwa na kitu. Niliporudi nikashitakiwa mimi. Mwenyekiti, ambaye sahihi yake iko pembeni ya yangu, alisema aliniamini mimi mshika vitabu, akawa shahidi wa Jamhuri.

Saa kumi na mbili asubuhi nilipanda basi Kibondo mjini. Wakili wangu wa Kasulu alikuwa ameniambia kwamba mwenyekiti akila kiapo kuwa hundi ilikuwa tupu niliposaini, angalau tutakuwa na pa kushika. Kwa hiyo nilishuka Rungwe Mpya, mwenyekiti alikohamia kulima, vumbi jekundu limenijaa mpaka masikioni.

"Mwidiwe, mwalimu," alinisalimu kwa Kiha, akanipokea kwa mikono miwili. Mkewe akachinja kuku. Tulikula ugali wa muhogo tukaongea habari za mvua, na mimi nikavumilia mpaka tulipokwisha kunawa ndipo nikatoa karatasi.

"Mzee, naomba ukweli tu. Kwamba mimi nilisaini, wewe ukajaza."

Aliisoma pole pole, akanirudishia. "Nikiandika hivi watanikamata mimi. Nina watoto saba."

"Na mimi je?"

"Wewe ni mtu wa serikali, mwalimu. Serikali haifungi watu wake."

Aliyasema kwa upole kabisa, na nadhani aliyaamini. Nilitamani kumtapikia kuku wake pale pale. Nikamshukuru mama kwa chakula, nikarudi barabarani kusubiri gari.

Alasiri nilifika Kasulu. Wakili, mama mtu mzima asiyejua kupamba maneno, alinitazama mikono mitupu akaelewa. "Tutakwenda hivyo hivyo," alisema. "Ila usijipe moyo sana." Kesho yake tuliteremka Kigoma, tukapanda treni. Njia nzima yeye alilala, mimi nikahesabu stesheni.

Asubuhi ya Tabora niliingia mahakamani na suti niliyofungia ndoa. Jaji hakuuliza lolote kuhusu hundi tupu. Alisema hakuna hata shahidi mmoja aliyesikilizwa kule chini, na kwamba haya yote ni utetezi, niyapeleke kwa hakimu mwenye kesi. Maombi yakatupwa. Nimewahi kupanga foleni ya chai ndefu kuliko shauri hilo.

"Amesema sheria," wakili aliniambia tukiwa nje.

"Najua, mama. Ndiyo maana inauma."

Jumamosi nilikuwa Murungu tena. Mke wangu alikuwa akipura maharage uani.

"Wameifuta?"

"Hapana."

Aliendelea kupura. Barua ya kusimamishwa kazi ilikuwa mezani, tayari ameifungua.

Nilichojifunza ni kidogo nami nimekinunua ghali: Mahakama Kuu haimbebi mtu kumvusha mahakama ya chini, na jina jema ni mzigo ambao wenzako hukutwika ili wao watembee mikono mitupu. Nilidhani napendwa huku. Na kweli nilipendwa, hilo ndilo linalonikera.

Jumatatu, saa tatu asubuhi, nilisimama kizimbani Kibondo. Shahidi wa kwanza alikuwa mwenyekiti. Mwendesha mashitaka akamuuliza ananifahamu vipi.

"Ni mwalimu wetu," alijibu, akinitazama kwa huruma. "Mtu mzuri sana. Ukimwomba kitu hakatai."

Hakimu akainama, akaandika.