Studio ya Magunia

Devota Komba alikuwa na kibanda cha kuingiza nyimbo karibu na stendi ya Songea. Makondakta wa mabasi ya Tunduru walimletea flashi na memori kadi, naye akawajazia muziki wa safari nzima. Kwa miaka minane hakuna mtu pale stendi aliyesikiliza nyimbo nyingi kumzidi. Hakusomea muziki, lakini alijua wimbo gani kondakta atarudi kuuomba na upi ataufuta kabla hajafika Namtumbo.

Mwaka 2016 fundi pikipiki mmoja, Osmund, alimletea wimbo wake wa hip-hop aliourekodi kwa simu. Alitaka uingizwe kwenye kadi za makondakta wote, wapende wasipende. Devota alivaa spika za masikioni, akausikiliza mara tatu.

"Mistari yako imesimama," akamwambia. "Lakini nyuma yako nasikia mtu anagonga rimu. Huu siuingizi. Tutarekodi upya."

Studio hakuwa nayo. Alikuwa na laptop ya kazi, na maiki aliyoazima kwa wanakwaya wenzake wa parokiani. Walijaribu kibandani, honi zikaingia. Walijaribu sebuleni kwa mama yake Devota, Mama Aurelia, kule Matarawe, sauti ikawa kama ya mtu aliyetumbukia kisimani. Mwisho wakaingia stoo, katikati ya magunia ya mahindi yaliyopangwa mpaka darini. Humo sauti ya Osmund ilitoka kavu na ya karibu, kama anakunong'oneza. Siku hiyohiyo Devota akaipa lebo yake jina la Ghala Rekodi, ingawa ilikuwa na msanii mmoja na wimbo mmoja.

Mama Aurelia hakuupenda muziki huo. Alisema waimbaji wake wanakimbiza maneno kana kwamba mvua inakuja. Hata hivyo, Desemba mahindi yalipouzwa na mwangwi ukaingia stoo, hakungoja kuombwa. Alijaza magunia matupu maganda ya mahindi na matambara, akayashona midomo, akayapanga upya ukutani kwa mikono yake. Devota alipotoka stendi alimkuta amekaa juu ya gunia la mwisho, anahema. Akaenda kumchotea maji ya kunywa.

Baada ya miaka mitatu wasanii walikuwa watano, na nyimbo zao zilisafiri na mabasi mpaka Nalasi. Ndipo kampuni moja ya Dar es Salaam ikamtaka Osmund. Mkataba ulikuja na kurasa kumi na nne. Devota aliusoma pamoja naye neno kwa neno, akamwonyesha mahali ambapo hata jina lake la kisanii lingekuwa mali ya kampuni. Osmund akakataa kipengele hicho, nacho kikafutwa.

"Na nyimbo nilizorekodi hapa, dada?" akauliza.

"Ulizitunga wewe. Nenda nazo."

Osmund aliondoka Februari, na wengine watatu wakamfuata. Watu wa stendi walimwona Devota mjinga. Mwenyewe aliumia kuliko alivyoonyesha. Kwa miezi mitano hakufungua stoo, na kila alipoulizwa alisingizia kuwa mashine imeharibika.

Aliyemrudisha kazini ni Sharifa, mkulima wa tumbaku wa Namtumbo. Alifika na basi la asubuhi, ana daftari kwapani. Alimwamkia Devota, akaeleza kuwa amesikia Songea kuna mwanamke asiyemfunga msanii kama mbuzi. Devota akamjibu kwamba hana uhakika kama bado ana lebo. Sharifa akaomba achane ubeti mmoja tu wa hip-hop, halafu angegeuza na basi la mchana. Akachana palepale barazani, Kiswahili kimechanganyika na Kindendeule, juu ya wanawake wanaofunga majani ya tumbaku mpaka utomvu unagoma kutoka mikononi wanapotaka kula. Devota aliingia ndani kutafuta ufunguo wa stoo.

Baada ya wimbo huo walikuja wengine, kutoka Tunduru, kutoka Nalasi, hata mwalimu mmoja kutoka Mbinga. Leo wako kumi na wanane, na kila mmoja nyimbo zake ni zake. Osmund bado yuko Dar, na huwatumia midundo.

Juni iliyopita Ghala Rekodi walifanya onyesho lao la kwanza Namtumbo, alasiri, kwenye uwanja wa mpira. Devota ndiye aliyekuwa akiongoza mashine. Sharifa alipofika ubeti wa pili, wanawake waliojaa mbele walikuwa wanachana naye, hawakosei neno. Devota akabaki anawatazama, akasahau kuupandisha mdundo. Muziki ukakatika. Sharifa hakusimama. Aliendelea na mistari yake bila muziki, na wanawake wale wakampigia mdundo kwa makofi mpaka wimbo ukaisha.