Ng'ombe wa Mahari na Kiota cha Chini

Nilirudi nyumbani na stashahada ya uhifadhi wa wanyamapori, niliyoisomea ughaibuni huku nikiosha vyombo hotelini. Sikurithi kitu. Shamba langu la Misungwi nililinunua mwenyewe, na sehemu kubwa nikaiacha iwe ngitili, malisho yanayofungwa mvua zikianza ili mifugo ipate nyasi wakati wa kiangazi. Ndugu zangu, ambao hawajawahi kuvuka hata ziwa, walisema nimesomea kufuga majani.

Aliyecheka zaidi ni kaka yangu mkubwa. Ana duka la vipuri Mabatini, mjini, na ua aliousakafia saruji mpaka kuku hawana pa kuparua. Shamba lake la Misungwi alilikata viwanja akauza. Binti yake alipochumbiwa, kaka alikataa mahari ya fedha. Alitaka ng'ombe wenye pembe, watembee barabarani, watu waone. Wakaja, wakaonekana. Baada ya kuonekana wakataka kula, jambo ambalo kaka hakuwa amelifikiria.

Akanipigia simu. Jumamosi wakwe wangeleta kundi la mwisho, na wakilikuta la kwanza limekonda, angeaibika. Nifungue ngitili. Nikamwambia asubiri wiki mbili, kuna ndege wanalea.

Ni ndege mdogo wa kahawia mwenye michirizi kifuani, ambaye watu hupita karibu naye maisha yao yote bila kumwona. Harukiruki kama shomoro. Hutembea, akiokota wadudu na kutikisa mkia. Huimba akiwa angani, kisha hushuka. Mtini hana shughuli: kiota chake ni kikombe cha nyasi kavu chini ya kichaka cha majani, mahali ambapo kwato moja inamaliza ukoo. Mimi nilikuwa na viota vitatu, vyenye makinda.

Jumamosi kaka alikuja hata hivyo, na ng'ombe wa makundi yote mawili, viatu vinang'aa, akifuatana na baba wa mkwe wake, mfugaji wa huko huko Misungwi. Nilimwamkia mzee shikamoo, akaitikia marahaba, kisha nikasimama mlangoni mwa ngitili.

"Mdogo wangu," kaka alisema, "huyo ndege wako anajaza hata kijiko?"

"Hajazi. Ila yeye anajua watoto wake watakula nini kesho."

Kaka akanipita. Hakufika mbali. Ndege jike alichomoka karibu na mguu wake, akaanguka mbele, akaburuta bawa kama limevunjika. Hiyo ni hila yao ya kumvuta adui mbali na kiota. Ningeweza kumweleza, lakini tangu nirudi alikuwa hajaniuliza swali hata moja. Alimkimbilia. Ndege akajikokota mbele kidogo. Kaka akainama, akakosa, akakimbia tena, mtu mzima na shati la kuchomekea, mpaka akapiga magoti katikati ya mbigiri. Hapo ndege akapona, akaruka zake.

Yule mzee alicheka mpaka akaegemea fimbo yake.

"Mzee mwenzangu, ngitili haifunguliwi kwa kukimbizana. Ng'ombe ninarudi nao. Mwenye nyasi akifungua, nitawaleta."

Akawageuza wote, kundi la kwanza na la mwisho. Mabatini nzima ikajua kwamba mahari ya binti wa kaka imerudi kwao kwa miguu. Shangazi mmoja alimpigia simu kumpa pole ya msiba.

Makinda waliporuka, nilifungua. Mzee akawarudisha ng'ombe, wakaingia, na wale ndege wakatembea katikati ya kwato wakidaka panzi walioshtuliwa. Kaka alileta wageni kutoka mjini, akawaonyesha kwa mkono mzima: "Haya ndiyo malisho yetu." Kisha akasimama nje, akapiga hodi.

Nilikuwa karibu, nimemsikia vizuri. Nikachelewa kidogo kumkaribisha.