Kifaru Nilichokiosha

Siku ile tulikuwa watu sita katika chumba kidogo cha maktaba moja ya mji wa Blaine. Alikuwapo mzee niliyekuwa nikimhudumia, kwenye kiti chake cha magurudumu, amefunga tai niliyomfunga mimi asubuhi. Alikuwapo binti yake aliyetoka Woodbury na keki, na mama wa maktaba aliyemkataza kuifungua keki hiyo karibu na meza. Alikuwapo mdogo wangu wa kiume aliyenisaidia kubeba, na kitindamimba wetu ambaye alisema anakuja dakika tano tu. Wa sita nilikuwa mimi. Na mezani, juu ya mchanga uliogandishwa kwa gundi, kilikuwapo kifaru cha vita cha Kijerumani, cha plastiki, kirefu kama kiganja changu kutoka kifundo cha mkono hadi ncha ya kidole cha kati.

Mimi ni kifungua mimba wa watoto watatu. Mama alifariki tukiwa katika kambi ya wakimbizi kaskazini mwa Kenya, na baba akamfuata kabla mwaka haujaisha. Nilikuwa darasa la sita. Niliacha shule kwa sababu mdogo wetu alikuwa bado wa kubebwa mgongoni, na darasani hakukuwa na nafasi ya mwanafunzi na mtoto wake. Mama alikuwa mtu wa pwani na alikwisha nifundisha kuchora hina, basi nikawa nachora mikono ya maharusi wa kambini, na hao maharusi ndio waliotulisha. Tulipoletwa Minnesota, Marekani, tulikuja kwenye faili moja, jina langu likiwa juu na ya wadogo zangu chini yake. Hadi leo nikiitwa katika ofisi yoyote huwa nasimama kama tulioitwa ni watatu.

Kazi niliyoipata ni ya kuwatunza wazee majumbani. Nilipangiwa mji wa Coon Rapids, kwa mzee wa miaka themanini na zaidi, mjane, aliyekuwa fundi wa lifti maisha yake yote. Mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka kiasi kwamba kikombe cha chai tulikijaza nusu. Nilimwita Mzee, nikamweleza maana yake, akalipenda jina hilo. Tulizungumza Kiingereza; hapa naandika kwa Kiswahili, kwa kuwa ndivyo ninavyoyakumbuka mazungumzo hayo.

Sebuleni kwake kulikuwa na kabati la vioo limejaa vifaru. Vyote vya Kijerumani, vya Vita vya Pili vya Dunia, vyote vya rangi ya mchanga, vyote vina ule msalaba wao ubavuni. Sitaficha kwamba siku za kwanza nilimwogopa. Nilijiuliza mtu mwema anataka nini na vitu vya watu wale. Lakini kazi niliihitaji, na kodi ya nyumba haiulizi mtu anaogopa nini, kwa hiyo nilifunga mdomo, nikasafisha.

Wiki ya pili, Mzee akiwa amelala baada ya chakula cha mchana, nilikikuta kifaru kimoja peke yake juu ya meza ya kazi. Kilikuwa kichafu kupita kiasi. Kilikuwa na vumbi kila mahali, kutu kwenye minyororo, na madoa ya mafuta yaliyochuruzika kutoka ubavuni. Nililelewa na mama ambaye hakuweza kula katika chumba kisichofagiliwa. Nikakipeleka kwenye sinki. Nikakiosha kwa sabuni ya vyombo na mswaki wa zamani, taratibu, hata kati ya magurudumu. Maji yakawa rangi ya chai ya maziwa. Nikakikausha kwa taulo, nikakirudisha, nikajisifu moyoni.

Mzee alipoamka alikitazama muda mrefu.

"Nani amekiogesha?"

"Mimi, Mzee. Kilikuwa kichafu."

"Uchafu ule," alisema, "ulinichukua majira ya baridi yote."

Kisha akanieleza, bila kupandisha sauti. Ule haukuwa uchafu. Ilikuwa kazi. Aliusaga unga wa rangi, akaupaka chembe kwa chembe kwa brashi yenye nywele tatu. Kilikuwa kifaru cha mwisho alichokimaliza kabla mikono haijamkatalia, na alikuwa amekwisha ahidi kukionyesha maktabani majira ya kuchipua. Hakuwa na uwezo wa kukipaka tena. Alinyoosha mikono yake mbele yangu ili nione, nami nikaona.

Jioni ile binti yake akapiga simu, kama kawaida yake, nikaiweka kwenye spika.

"Kila kitu sawa, Baba? Huyo msaidizi mpya yukoje?"

Mzee akanitazama. Mwenzangu mmoja aliondolewa kazini kwa kuvunja chungu cha maua, nami nilikuwa na wadogo wawili, mmoja chuoni na mwingine bado shule.

"Yuko vizuri," Mzee akasema. "Msafi sana. Msafi kupita kiasi."

Simu ilipokatika nilimsogezea kikombe chake. Yeye alikuwa anautazama mkono wangu wa kulia, uliokuwa bado na hina ya Idi.

"Nani amekuchora?"

"Nimejichora mwenyewe."

"Mkono wa kulia, umejichora mwenyewe?"

"Kwa mkono wa kushoto."

Akakisukuma kifaru kuelekea kwangu. "Basi utanirudishia uchafu wangu. Lakini kwanza ujue ulichokiosha."

Hivyo ndivyo nilivyoanza shule tena. Kila siku, nikishamaliza dawa na chakula na vyombo, tulikaa mezani, mimi na brashi, yeye na maneno. Alinifundisha kwamba vile vilikuwa vifaru vya wastani, si vyepesi vya kupeleleza wala vizito vya kubomolea ngome. Mwanzoni vilikwenda viwili viwili kwa kazi tofauti. Kimoja kilikuwa na mzinga mwembamba, kazi yake kupambana na vifaru wenzake. Kingine kilikuwa na mzinga mfupi mnene, cha kurusha makombora yanayolipuka juu ya askari na mizinga iliyofukiwa mchangani. Baadaye hicho cha pili kikapewa mzinga mrefu, kikaweza kazi zote mbili, na kifaru nilichokiosha kilikuwa cha namna hiyo.

"Kwa hiyo hawa walishinda kwa sababu ya mzinga mrefu?" nilimuuliza.

"Hata kabla ya huo walishinda mara nyingi, na mwishowe walishindwa wakiwa nao. Ujanja wao ulikuwa kukimbia. Vifaru vinasogea mbele, vinapiga, halafu vinarudi nyuma kama vimeogopa. Adui anavifukuza. Anafukuza moja kwa moja mpaka kwenye mizinga iliyojificha inamngojea."

"Na adui hajifunzi?"

"Alijifunza. Kila mtu hujifunza, ila wengine huwa wameshakufa."

Alinieleza pia kwamba jangwani hakuna nyumba wala msitu wa kujificha nyuma yake, na kifaru huonekana kwanza kwa vumbi lake. Makamanda walipima jeshi la adui kwa ukubwa wa wingu la vumbi, na wengine walituma malori yatimue vumbi ili waonekane ni wengi. Vifaru vilivyoharibika walivivuta wakavirudisha karakana, vikapigana tena baada ya siku chache. Kilichowamaliza ni mafuta yaliyozama na meli kabla ya kuwafikia. "Bila mafuta," Mzee alisema, "lile ni sanduku la chuma lenye watu watano ndani, na jua juu yake."

Nilipoelewa hayo nilizidi kuona aibu. Katika vitu vyote vya kifaru kile, nilikuwa nimeosha vumbi.

Siku moja alinionyesha katika picha jinsi alivyolipaka yeye, sawasawa kila upande, kama sukari juu ya andazi. Nikasema, "Mzee, samahani. Vumbi halikai hivi."

"Linakaaje?"

Nikamwambia habari za malori ya maji ya kambini, niliyoyangojea foleni na madumu miaka tisa. Penye mafuta yanayovuja, vumbi hunata na kuwa jeusi. Nyuma ya magurudumu huwa nene kama unga wa chapati. Lakini pale dereva anapokanyaga kupanda, na pale anaposhika kila siku, vumbi halikai kabisa. Rangi yenyewe huisha, bati likang'aa.

Mzee akacheka mpaka nikamshika bega asianguke. "Miaka arobaini natengeneza jangwa," alisema, "na sijawahi kukanyaga hata moja! Paka, binti. Paka unavyojua."

Nikapaka. Nilianzia mbali na kumalizia karibu na kiganja, kama tunavyofanya kwenye hina, ili mkono usifute ulichokwisha chora. Wiki kadhaa zilipita hivyo. Theluji ilikuwa imelundikana mpaka kwenye dirisha la jikoni, na sisi tulikuwa tunabishana juu ya mchanga wa Afrika Kaskazini.

Ni katika siku hizo nilimuuliza lile lililokuwa likinisumbua, kwa nini vya Kijerumani tu. Baba yake alikuwa dereva wa kifaru cha Kimarekani, akauawa Tunisia miezi miwili kabla mtoto hajazaliwa. "Sikumwona, hakuniona," alisema. "Nimetaka angalau nione alichokiona yeye." Sikumwogopa tena baada ya hapo. Nilimwambia habari za baba yangu, akanisikiliza hadi mwisho.

Basi siku ile maktabani, tulikuwa tumekwisha kipanga kifaru. Binti yake hakujua lolote. Mama wa maktaba alikuwa ameandika kadi kwa maneno ya Mzee mwenyewe, akaiweka mezani, na binti akaisoma kwa sauti.

"Kifaru cha wastani cha Kijerumani, Afrika Kaskazini. Nimekiunda mimi. Kimeoshwa na kupakwa vumbi upya na msaidizi wangu, ambaye vumbi analijua." Akanyanyua kichwa. "Kimeoshwa? Baba, kimeoshwa vipi?"

Kitindamimba wetu, ambaye Kiswahili anakisikia vizuri lakini hujibu kwa Kiingereza, alinigeukia macho yamemtoka. "Dada, usiniambie ulitumia sabuni ya vyombo."

"Na mswaki," Mzee akasema.

Mdogo wangu wa kiume akaangua kicheko. "Wallahi huyu hata sisi alitusugua hivyo hivyo! Nina alama hadi leo."

Lakini binti wa Mzee hakucheka. "Na hukuniambia?"

"Ungeniletea mwingine," Mzee akamjibu. "Na huyo mwingine asingeosha kitu."

Nikaona siwezi kukaa kimya huku nikitetewa. Nikakiinua kifaru, nikakipindua mbele yao. Chini ya tumbo lake kulikuwa na vumbi la zamani, lililopakwa sawasawa kama sukari.

"Hapa sikuosha," nikamwambia Mzee. "Siku ile nilichoka, nikasema chini hakuna atakayepaona. Baadaye nilipojua ni nini, sikupagusa. Hii ni kazi ya mkono wako."

Sikuwahi kumwambia, kwa haya ya kukiri uvivu. Akanyoosha kidole chake kinachotetemeka, akapapasa pale chini bila kukandamiza.

"Kumbe," alisema, "si msafi hivyo."

Hapo ndipo binti yake alipocheka, akajifuta macho, akanishika mikono yote miwili na kuitazama kama mtu anayesoma. Hakusema kitu kuhusu kazi yangu. Jumatatu nilikwenda Coon Rapids kama kawaida.

Siku ile ya maktaba, tulipokuwa tunaondoka, Mzee aliniwekea sanduku mapajani, garini. Lilikuwa bado na karatasi yake ya dukani, imekuwa njano. Ndani yake kulikuwa na kifaru cha Kimarekani, cha namna aliyoendesha baba yake. Alikinunua ujanani na hakuwahi kukifungua. "Hiki sikukiweza hata nilipokuwa na mikono," alisema. "Dereva umwache kichwa nje. Nataka aonekane."

Sasa Mzee anaishi Woodbury kwa binti yake, na mimi namhudumia mtu mwingine. Kila Jumapili hunipigia. "Umefika wapi?" Nimemwambia magurudumu tayari, minyororo tayari, vumbi la Tunisia nimelipaka pamoja na tope, kwa sababu alinieleza kwamba kule mvua ilinyesha. Yote hayo nimeyafanya kwa furaha, mezani kwangu, wadogo zangu wakinitania.

Aliyebaki ni dereva. Nimechora maua na majani kwenye mikono ya maharusi nisioweza kuwahesabu, lakini uso wa mtu sijauchora maishani. Mzee amenipa picha moja ndogo, ya kijana anayecheka na kufumba jicho moja kwa sababu ya jua. Nimeisimamisha kwenye kikombe, mbele ya brashi zangu. Yule mtu mdogo yuko kwenye tundu lake, kofia imepakwa, mabega yamepakwa, na uso bado ni plastiki tupu.