Kilio Nilichokitoa Mapema

Ipo siku moja naikumbuka, mwanangu, hata nikisahau miwani nimeiweka wapi. Tulikuwa Kirumba, Mwanza, uani kwa mtu, tunacheza filamu. Mimi bibi yako! Mwembamba, shingo ndefu, asubuhi nauza dagaa, mchana naigiza. Hatukuwa na kampuni wala nini. Tulijichanga wenyewe, kamera ya kuazima, ile ya kupigia harusi, na jeneza la kukodi. Seremala mwenyewe alikaa pale pale analilinda tusilikwaruze.

Mimi nimefiwa na mama. Ndani ya filamu, lakini. Nimejipaka kitunguu, macho mekundu kama nyanya, kilio hakitoki. Mwongozaji wetu, kijana mmoja wa haraka haraka, akapiga kelele, "Dada, lia bwana! Betri inaisha!"

Basi nikafanya nini? Nikamwita mama yangu, kwa Kisukuma chetu. Mzima kabisa, yuko Magu anapalilia mpunga. "Mayu wane! Minza binti Masanja, umeniacha na nani!" Weee, machozi yakaja kama mvua ya masika. Wenzangu wakalia. Seremala naye akalia. Nikajiona nimefika.

Kwetu mtu halilii aliye hai, mwanangu. Ni kumwitia kifo. Nilijua, nimekua nalijua. Lakini sifa zikiingia kichwani, akili inatokea mlango wa nyuma.

Kanda ikafika Magu, kwenye kibanda cha video. Mama akavaa kitenge chake cha kanisani, akawachukua na dada zake, wakakaa benchi la mbele wamwone mtoto wao. Wakasikia jina lake na la baba yake linaliliwa.

Nilikwenda kumsalimia na sukari yangu mkononi na maringo yangu. "Shikamoo, mayu." Yeye na ungo wake. "Mayu, shikamoo!"

Akaendelea kupepeta mchele. "Unamsalimia nani? Marehemu haitikii."

Nikacheka, nikadhani utani. Akaniangalia. "Umeshanililia, tena mbele ya watu wasionijua. Siku yangu ikifika, ukae kimya."

Sikuomba msamaha. Hilo ndilo linaniuma kuliko lile la kwanza. Nilinuna, nikarudi zangu Mwanza, nikalia kwenye filamu nyingine, na nyingine, mpaka wakaniita Mama Kilio.

Mwaka wa nne tangu siku ile, mama akafa. Nikaingia msibani, nikafungua mdomo, mama mdogo akaniziba kwa kiganja. "Wewe kilio chako ulishakimaliza." Nyuma yangu kijana akamnong'oneza mwenzake, "Kamera iko wapi?" Wakacheka. Kwenye msiba wa mama yangu, mwanangu, watu wakacheka. Nikaenda kukaa na wapishi, namenya vitunguu, machozi yananitiririka, na kila aliyeniona alijua ni vitunguu.

Filamu zenyewe ziko wapi? Kanda zimeota ukungu. Mwongozaji alirudi kwenye harusi zake. Wanaonikumbuka wakinikuta sokoni wananitania, "Mama Kilio, tulilie kidogo!" Nami nacheka, nifanyeje. Wanasema majuto ni mjukuu. Mimi mjukuu ninaye, na majuto pia ninayo.

Jana nimekusikia chumbani na simu yako, unafanya mazoezi: "Bibi, bibi yangu, umekwenda!" Unalia vizuri, sikufichi. Ila chai yangu yote ilimwagika.

Igiza, mwanangu, sikukatazi. Ile kazi ni tamu, mpaka leo naiota. Lakini jina la mtu wako usilipeleke mbele ya kamera. Chozi likikataa, sema limekataa, betri iishe, mtarudi kesho. Na ukimkosea mzazi, muombe radhi siku ile ile, wakati shikamoo yako bado inaitikiwa.

Mungu akupe sura ya kupendwa na watu. Na machozi yangu unitunzie. Siku yangu ikifika, ulie mpaka ng'ambo ya ziwa wasikie, na asiwepo hata mmoja wa kukuziba mdomo.