Doa Dogo Ndani ya Jicho la Tuba

Tuba wa Kashani, huko Uajemi, alifuma mazulia tangu angali kigori, na macho yake ndiyo yaliyomlisha. Uzeeni, katikati ya kila alichokitazama pakaingia kivuli. Akimtazama binti yake Nayere anaona mtandio, anaona mabega, uso hamna.

Nayere akampeleka kwa daktari wa macho, mwanamke mchangamfu.

"Bibi," akasema daktari alipomaliza kumpima, "nyuma ya jicho pana kidoa. Twakiita doa la manjano. Usiogope, si ugonjwa, kila mtu kaumbwa nacho. Ndicho cha kusomea, cha kutungia sindano, cha kutambulia sura za watu. Chako kimechakaa."

"Kikubwa kiasi gani?"

"Kama punje ya ufuta. Au hakifiki."

"Usinitanie, mwanangu! Mimi nina uso wa marehemu mume wangu kichwani humu, na nyuso za watoto, na mazulia yote yale. Vyote vimepita kwenye punje ya ufuta?"

"Vyote, bibi."

Loo! Mwili ukamsisimka. Alipofika nyumbani alikwenda moja kwa moja jikoni, akabandika punje ya ufuta kwenye ncha ya kidole. Asiione, akaipapasa tu. Maisha mazima hapa? Mungu fundi, jamani! Alisahau hata kujihurumia.

Daktari alikuwa amemfundisha hila: asikikabili kitu anachotaka kukiona. Atazame kando yake, kwani pembeni mwa jicho bado pazima.

Sasa sikiliza balaa. Siku ya mwaka mpya, Nouruzi, mdogo wake Mahlaka akabisha hodi. Hao walinuniana tangu Tuba alipoikataa posa ya mtoto wa Mahlaka kwa Nayere. Na watu wa Kashani wakinuna, wananuna! Hawatukani; mtu anakugeuzia uso pembeni, basi, kamaliza. Miaka imepita, Tuba kila sikukuu anautegea mlango sikio, roho inamuuma. Leo mdogo mtu kajikaza, kaja.

"Heri ya mwaka mpya, dada."

Moyo ukamruka Tuba. Akamkabili: kivuli kitupu. Kwa hamu ya kumwona, akaugeuza uso upande wa dirisha.

"Aa, kumbe bado!" Mahlaka akafoka. "Nimejishusha mpaka hapa, nawe unatazama dirisha? Bora nisingekuja!" Akaivuta kichwani shuka aliyojitanda, akashika njia.

"Mama mdogo, ngoja!" Nayere akamkimbilia. "Macho yake mabovu!"

"Macho mabovu na shingo je? Shingo nayo mbovu?"

"Simama hapo hapo, mshari wee!" Tuba akapiga kelele, machozi yanamlengalenga, uso bado dirishani. "Nikikukabili unanipotea. Nikitazama huko ndiyo nakupata. Nakuapia!"

Mahlaka akasita mlangoni. "Haya, unanipata. Unaona nini?"

Tuba akakaza jicho dirishani. Mwanga ulikuwa umemwangukia mdogo wake usoni, na pale pembezoni mwa jicho ule uso ukatulia taratibu: kidevu, midomo iliyobanwa kwa hasira, mashavu yaliyoanguka kwa miaka ambayo yeye hakuwepo kuyaona.

"Mama," Tuba akasema kwa sauti ndogo. "Umekuwa mama yetu hasa, Mahlaka. Namwona mama."

Mahlaka akaiachia shuka, akaketi papo hapo mlangoni, asithubutu hata kusogea, asije akampotea dada yake.