Kola na Kingi Mbili

Kila Jumapili alasiri Fundi cherehani alikuwa na raha moja tu: drafti na Kinyozi, kwenye benchi mbele ya saluni, kete zao vifuniko vya soda. Kwa miaka sita Fundi hakuwahi kumfunga. Na sheria ya benchi ilijulikana: anayeinuka mchezo haujaisha, ameshindwa.

Siku hiyo Fundi alikuwa na kingi mbili. Kinyozi alibaki na kete tatu zinazoomba maji.

"Leo umekula nini, shemeji?" Kinyozi aliuliza.

"Kete zako."

Watazamaji walicheka. Fundi naye alicheka, kisha akaacha ghafla. Kumi na saba.

Akigandisha kitambaa kigumu ndani ya kola, hulaza pasi juu yake na kuhesabu hadi thelathini. Mchana ule alifika kumi na saba, Kinyozi akampigia mluzi. Thelathini hakuifikia. Wala hakukumbuka kama aliiinua pasi.

Na katika chumba cha nyuma ya duka alilala mkewe, muuguzi aliyekesha kazini, pamba masikioni. Mlango wa kutokea ni mmoja, na Fundi alikuwa ameufunga kwa nje.

"Cheza, mzee. Au unataga?"

Labda niliizima, alijiambia. Akanusa hewa: poda ya saluni tu. Akasogeza kingi. Kinyozi akafikiri, akajikuna kidevu, akafikiri tena. Jasho lilimtiririka Fundi mgongoni.

"Mbona unatetemeka? Kushinda hakujaua mtu."

Neno hilo likamwinua. Kete zilimwagika, watu wakapiga kelele, naye alishakata kona, kandambili mguu mmoja. Ufunguo ulikosa tundu mara mbili.

Moshi ulimpokea mlangoni. Kola ilikuwa mkaa, na meza imetoboka shimo la umbo la pasi. Mkewe alikaa sakafuni, ameshika waya aliouchomoa ukutani, akikohoa.

"Nimegonga mlango mpaka mikono imekufa ganzi," alisema. "Hukuikumbuka pasi?"

Kusema alisahau kungekuwa rahisi.

"Nilikumbuka," alisema Fundi. "Nikacheza kwanza mara moja."

Mkewe alimtazama. Akainuka kwa kushika ukuta, akampita bila kumgusa, akaenda kusimama barabarani, miguu peku, akivuta hewa. Fundi alibaki kizingitini. Aliogopa kumfuata, na aliogopa zaidi kumwita.