Sentensi ya Mwisho ya Mpishi

Nimechoshwa na waandishi wa tanzia. Shangazi yangu, Nesta Ollerenshaw, aliwachekesha Waingereza kwa miaka arobaini, akicheza wapishi, wenye nyumba wakali na majirani wambea. Lakini alipofariki, gazeti lilimwita "mwigizaji msaidizi". Msaidizi! Kana kwamba kazi yake ilikuwa kuwashikia wenzake makoti. Basi nitaeleza jinsi msaidizi huyo alivyookoa nafasi yake mjini Halifax, majira ya baridi ya mwaka 1958, bila kuongeza neno hata moja.

Mchezo ulimhusu kabaila aliyejifanya amefilisika. Kabaila alichezwa na Desmond Fairlie, bwana mwenye sauti ya asali na wivu usio na kiasi; shangazi alikuwa mpishi wake. Watu wa Halifax wakicheka, mchezo ungehamia London. Hata hivyo mwongozaji, Percy Lumb, alitangaza kwamba mhusika asiye na la kusema asitarajie tiketi ya treni.

Desmond alilisikia hilo, akaanza kuyanyofoa maneno ya mpishi.

"Percy, mpenzi, hapa mpishi ananikata pumzi. Tumpunguzie?"

"Si ulishampunguzia jana?"

"Jana ilikuwa supu. Leo ni bata."

Hatimaye shangazi alibakiwa na sentensi moja, ile ya kufungia mchezo: angeingia na sinia na kusema chai iko tayari, ndipo pazia lishuke. Na sisi watu wa jukwaani tuna mwiko wetu: sentensi ya mwisho haitamkwi kabla watazamaji hawajaketi, kwani kuumaliza mchezo mbele ya viti vitupu ni kujiitia nuksi. Hakuna aliyeushika mwiko huo kama Desmond. Alikuwa amemtimua fundi wa taa kwa kuitamka kwa mzaha. Kwa hiyo kila siku ya mazoezi shangazi alifika mlangoni na sinia lake, na Percy akapiga makofi: "Imetosha, jamani!"

"Niwaoneshe mara moja tu nitakavyofanya?" shangazi aliuliza, mpole kama mtawa.

"Thubutu!" Desmond alifoka, akigusa mbao ili kufukuza nuksi. "Unataka tufe njaa, mama?"

"Nimeuliza tu, mwanangu. Usije ukasema sikuuliza."

Usiku wa ufunguzi ukumbi ulijaa. Mwisho wa mchezo Desmond alimkumbatia bibi arusi wa kabaila, uso kwa watazamaji, mkono mmoja ameunyoosha kwa madaha, akisubiri pazia na makofi yake. Shangazi akaingia. Akatua sinia. Akaukagua ule mkumbatio kama anayekagua samaki sokoni. Akavua aproni, akaitundika kwenye mkono ule ulionyooshwa, akaketi katika kiti cha kabaila na kujimiminia chai.

Ukumbi ulilipuka kwa kicheko. Mvuta pazia, mtu mwaminifu, alikuwa ameagizwa asiguse kamba kabla ya ile sentensi, naye hakuigusa.

"Sema, Nesta," Desmond alinong'ona kwa meno yaliyobana. "Sema, we mwanamke!"

Shangazi akachovya biskuti. Akaila. Akafuta makombo. Kisha akamtazama kwa huruma:

"Chai tayari, bwana."

Nyuma ya pazia Desmond alikuwa amepauka kwa hasira, aproni ingali mkononi.

"Umeniharibia mchezo!"

"Nimeongeza neno gani?"

"Hata moja," alisema Percy, akijifuta machozi ya kicheko. "Nesta, funga sanduku. London bila wewe hatuendi."

"Basi kabla ya London kipande hicho tutakifanyia mazoezi!" Desmond alidakia.

Mvuta pazia akavua kofia, kama aliyepita karibu na jeneza.

"Kuitamka mbele ya viti vitupu?" Percy akauliza taratibu. "Wewe, Desmond?"

Desmond akagusa mbao.

Huko London, bila mazoezi, shangazi alikula biskuti mbili.